Gurudumu Halikuwa na Breki

Wahenga walinena kwamba mwiba wa kujidunga hauambiwi pole. Walisema kweli. Lakini je, msomaji mpenzi, mwiba uliomdunga mwenzako kwa mkono wako unaambiwaje? Swali hilo niliishi nalo tangu mwaka 1994, na jibu lake nililipata mahali ambapo sikulitarajia kabisa: kando ya mashine ya kukata nyasi, nikiwa nimepiga magoti uani kwa mjomba wangu kule Kibirichia.

Kwa wale ambao hawajafika huko, Kibirichia ni eneo la baridi lililoko Buuri, katika Kaunti ya Meru, kwenye miteremko ya kaskazini ya Mlima Kenya. Ukungu wa asubuhi ukiondoka, utaona vilele vya mlima upande mmoja, na upande wa pili macho yako yatateremka hadi nyanda kavu za Isiolo. Wenyeji ni wakulima wa viazi, ambavyo wao huviita waru, na wafugaji wa ng'ombe wa maziwa. Nyasi kwao ni chakula cha mifugo, si pambo.

Ndiyo sababu watu walicheka mjomba aliporudi nyumbani na mashine yake. Kwa miaka mingi alikuwa mtunza bustani katika hoteli moja upande wa Nanyuki. Alipostaafu mwaka 2016, hoteli hiyo ilikuwa ikiuza vifaa vyake vikuukuu, naye akatoa sehemu ya kiinua mgongo chake akanunua mashine ya kukata nyasi, ile ambayo mtu huketi juu yake na kuiendesha kama trekta ndogo. Ilifika Kibirichia juu ya lori lililokuwa likienda kupakia viazi.

"Ng'ombe huyu wako wa chuma," jirani mmoja alimwuliza, "anakula nyasi kisha anazitema. Maziwa atatoa lini?"

Mjomba hakujibu. Alianza kukata nyasi za uwanja wa kanisa bila malipo, watu wakaona. Haukupita mwaka kabla ya kuitwa na shule ya msingi iliyo karibu, kisha na wale waliojenga majumba makubwa kijijini na ambao huja kuyatazama wakati wa Krismasi tu. Fedha hizo ndizo zilizomlipia mjukuu wake mahitaji ya shule, kwa maana mama yake kijana huyo alikuwa mbali akitafuta kazi. Kwa hakika ng'ombe wa chuma alikuwa akitoa maziwa.

Nilifika huko wiki ya Krismasi ya mwaka 2018, nikitokea Nairobi ambako ninafundisha fizikia katika shule ya upili. Nilimkuta mjomba amekunja uso. Alikuwa ameahidi kuufyeka uwanja wa shule kabla ya wanafunzi kurudi mwezi wa Januari. Mvua za mwisho wa mwaka zilikuwa zimeziotesha nyasi hadi magotini, lakini mashine ilikuwa imeanza kiburi.

"Injini inanguruma vizuri," alinieleza, "na magurudumu yanakwenda. Lakini nikikata kwa nusu saa hivi, visu vinaacha kuzunguka. Nikiiacha ipumzike, inakubali tena. Kisha inanigomea."

"Umemwonyesha fundi?"

"Nimemwonyesha. Alisema ugonjwa uko kwenye kiti. Akafungua chini ya kiti, akaunganisha nyaya mbili, akawasha, visu vikazunguka. Nikamlipa. Kesho yake mchezo ukawa ule ule."

Maneno hayo ya kiti nilipaswa kuyasikiliza vyema zaidi. Sikuyasikiliza. Nilikuwa nimechoka kwa safari, na chai ilikuwa imewekwa mezani.

Asubuhi iliyofuata tulikwenda uwanjani: mjomba juu ya mashine, mimi kwa miguu, na mjukuu wake wa miaka saba akikimbia mbele yetu. Kazi ilianza vizuri. Mistari ya nyasi zilizokatwa ikatokea nyuma ya mashine kama mikeka iliyotandikwa. Baada ya muda, karibu na goli la upande wa juu, mlio ukabadilika. Injini iliendelea kunguruma, lakini ule mvumo wa visu ukazimika. Mjomba akasonya. Akateremka, injini ikiwa bado inanguruma, akainama kutazama chini ya mashine. Kulikuwa na tawi la mti lililonaswa kati ya nyasi na ule mfuniko wa chuma unaovifunika visu.

"Njoo ulivute hili," akamwambia mjukuu wake. "Mkono wako ni mwembamba. Visu vimekufa, usiogope."

Kijana akapiga magoti. Akanyosha mkono.

Sijui nilipiga ukelele wa namna gani. Najua tu kwamba kijana aliruka nyuma na kuanguka kwa makalio, na kwamba mimi nilikuwa nimeufikia ufunguo wa mashine na kuuzima kabla sijafahamu kwamba nilikuwa nimekimbia. Mjomba alinikazia macho. Kisha akautazama mkono wake wa kushoto, ambao una vidole vitatu. Hapakuwa na aliyesema neno.

Sasa nikueleze, msomaji, habari za mkono huo.

Mwaka 1994 nilikuwa na umri wa miaka kumi na mmoja, nami nilikuwa nikiishi kwa mjomba. Kila jioni ilikuwa kazi yetu sisi wawili kukata nepia za ng'ombe kwa mashine ya mkono, ile yenye gurudumu kubwa la chuma lililofungwa visu viwili. Mimi nilikuwa nikizungusha gurudumu kwa mkono wake wa mbao. Yeye alikuwa akisukuma nepia mdomoni mwa mashine. Jioni moja alisema, "Simama!" Nikaacha kusukuma mara moja. Naapa nilikiachilia kile kishikio. Lakini gurudumu lile lilikuwa zito, na kitu kizito kikishika mwendo hakisimami kwa sababu tu wewe umeacha kukisukuma. Lilizunguka mara moja zaidi. Mara moja tu. Mjomba alipelekwa hospitalini mjini Meru katika gari la kubebea viazi, na alirudi baada ya siku kadhaa bila vidole viwili.

Hakuna hata siku moja aliyonilaumu. Lakini hakuna pia siku tuliyolizungumzia jambo hilo. Nililibeba hadi shule ya upili, hadi chuo, na hata darasani ninapofundisha juu ya vitu vizito vinavyokataa kusimama. Wanafunzi wangu hudhani ninapenda mno somo hilo.

Turudi uwanjani. Tuliivuta mashine hadi nyumbani tukisaidiwa na vijana wawili. Siku iliyofuata nikatoa mita ya umeme ambayo husafiri nami kila mahali, nikamwambia mjomba kwamba nataka kuijua mashine ile. Alicheka kidogo. "Mwalimu wa ubao," akasema, "leo utashika grisi."

Kwanza ilinibidi nielewe visu vinavyopata nguvu. Injini ya mashine ile huzunguka wakati wote inapokuwa imewashwa, lakini visu havipaswi kuzunguka mpaka mwenye mashine atake. Kinachounganisha na kutenganisha vitu hivyo viwili ni klachi, na ya mjomba ilikuwa klachi ya umeme, iliyofungwa chini ya injini. Ndani yake mna koili, yaani waya wa shaba uliozungushwa mara nyingi. Mna sahani ya chuma inayozunguka pamoja na injini. Na mna sahani ya pili, iliyoungana na puli ya mkanda unaozungusha visu.

Ukivuta swichi ya visu, umeme wa betri hupita katika koili, koili ikawa sumaku, na sumaku hiyo ikaivuta sahani ya pili ishikamane na ile ya kwanza. Utasikia "tak!" na visu vitaanza kuzunguka. Ukiibonyeza swichi, sumaku hufa. Springi huirudisha sahani ya pili nyuma mpaka inajibana kwenye breki, na visu husimama kwa sekunde chache.

Soma hapo tena, msomaji. Klachi hiyo ni breki pia. Aliyeiunda alijua kwamba kazi ya kuzungusha visu ni nusu tu ya kazi. Nusu ya pili ni kuvisimamisha. Ncha ya kisu cha mashine kama hiyo huweza kupita kasi ya kilomita 300 kwa saa, na kasi hiyo haijui nepia wala kidole.

Kisha kuna ulinzi mwingine, nao uko chini ya kiti. Hapo pana swichi ndogo inayobonyezwa na uzito wa mwendeshaji. Akinyanyuka huku swichi ya visu ikiwa imevutwa, injini huzimika yenyewe. Mashine inasema: simwoni bwana wangu, sifanyi kazi. Hiyo ndiyo swichi ambayo fundi aliinyamazisha kwa kuunganisha nyaya zake mbili. Kuanzia siku hiyo mashine iliamini kwamba daima kuna mtu juu ya kiti, hata kama mtu huyo amepiga magoti mbele ya visu.

"Lakini visu vilizunguka alipoziunganisha!" mjomba alibisha.

"Alichukua muda gani kuifungua?"

Akafikiri. "Tulikunywa chai. Labda saa nzima."

Hapo nikaanza kuuona ugonjwa wenyewe. Mashine haikuponywa na nyaya. Ilikuwa imepoa tu.

Tuliiwasha uani, mjomba akiwa kitini na kijana akiwa amefungiwa jikoni pamoja na shangazi yake. Ilizunguka kwa dakika ishirini na tano, kisha visu vikasimama. Tukazima injini. Kabla ya kugusa chochote nilichomoa waya wa plagi, yaani ule unaopeleka cheche kwenye injini, ili injini isiweze kuwaka kwa bahati mbaya. Jambo hilo ni sharti, hata kama una haraka ya namna gani.

Ukaguzi wenyewe ulikwenda kwa utaratibu, kutoka kwenye betri kuelekea kwenye klachi, kama mtu anayefuata mfereji akitafuta mahali maji yanapopotelea. Betri ilikuwa na volti 12.6, haikuwa na tatizo. Fyuzi ilikuwa nzima. Nilitenganisha kiunganishi cha waya unaoingia kwenye klachi, nikafungua ufunguo na kuvuta swichi ya visu: volti 12.4 zilikuwa zikifika pale. Kwa hiyo swichi na nyaya za njiani zilikuwa zikifanya kazi. Kama maji yanafika shambani na mimea inakauka, tatizo liko shambani, si kwenye mfereji.

Nikaipima koili yenyewe. Ikiwa bado ya moto ilionyesha omu 3.7. Tukangoja. Shangazi akaleta uji. Koili ilipopoa ilionyesha omu 2.9. Nilimweleza mjomba kwamba shaba ikipata moto huuzuia umeme zaidi. Ikiwa baridi, koili yake ilikuwa ikipitisha ampea 4 na kidogo. Ikiwa ya moto, ampea 3 na kidogo. Sumaku ilikuwa ikidhoofika kadiri kazi ilivyoendelea. Koili haikuwa imekatika, kwa maana iliyokatika haipitishi umeme hata kidogo.

"Basi kila mashine ingegoma kwa joto," mjomba akasema, na hapo alikuwa amesema jambo la maana kuliko wanafunzi wangu wengi.

Alikuwa sahihi. Klachi nzima huvumilia joto hilo. Ilibidi kuwe na sababu nyingine inayoifanya ya kwake ishindwe. Nikakumbuka jaribio tulilokuwa tukifanya na wanafunzi wa kidato cha pili: unazungusha waya kwenye msumari, unaufunga kwenye betri, na msumari unaokota pini. Ukiusogeza mbali kidogo, pini hazishtuki. Sumaku ni ile ile, lakini nafasi imekuwa kubwa.

Tuliiwasha tena hadi ikagoma, tukazima, nikachomoa tena waya wa plagi. Nikafungua ufunguo, nikavuta swichi ya visu. Kimya. Hakuna "tak". Nikachukua kijiti cha mbao, nikaigonga sahani ya klachi taratibu, kama mtu anayebisha hodi chumbani kwa mgonjwa.

TAK!

Sahani ilikuwa imeruka na kushikamana. Sumaku ilikuwa pale wakati wote, ikivuta bila kufika. Ilihitaji msukumo mdogo tu.

Nilitaka kushangilia, lakini nilipomtazama mjomba nilimwona amekaa juu ya gogo, uso wake umekuwa wa majivu. Hakuwa mwalimu wa fizikia, lakini alikuwa ameelewa kabla yangu.

"Jana," akasema polepole, "injini ilikuwa ikinguruma. Swichi ya visu ilikuwa juu. Na kiti hakikuwa na mtu."

"Ndiyo, Mjomba."

"Kijana angelivuta lile tawi, mashine ingetikisika."

Sikumjibu. Hakuhitaji jibu. Aliinuka akaenda jikoni, akamtoa mjukuu wake, akamkalisha pajani pake kwa muda mrefu, ingawa kijana alikuwa akilalamika kwamba yeye si mtoto mchanga.

Alasiri hiyo nilikwenda sokoni kwa yule fundi. Nilikuwa nimejaa maneno makali. Lakini nilimkuta chini ya pikipiki ya mtu wa bodaboda aliyekuwa akimpigia kelele kwamba abiria wanamngoja, na wengine watatu wamesimama kando kila mmoja na haraka yake. Maneno yakapungua makali. Nilimsalimu, nikamweleza nilichokiona, nikamwomba aniazime fila geji, kile kifaa cha vipande vyembamba vya chuma ambacho mafundi hutumia kupima nafasi za tapeti katika injini.

Alinisikiliza huku akijifuta mikono. "Mwalimu," akasema, "mteja wangu hataki kuambiwa sababu. Anataka kifaa kizunguke kabla ya jioni. Nikimwambia aniachie siku mbili nichunguze, anakwenda kwa mwingine." Alinyamaza, kisha akaongeza, "Lakini sikujua kuna mtoto."

Hakuniazima fila geji. Alikuja nayo mwenyewe.

Pamoja tuliisafisha klachi, tukapima nafasi kati ya zile sahani mbili. Ilikuwa inakaribia milimita 0.9. Kwa klachi nyingi za aina ile nafasi inayofaa ni kati ya milimita 0.3 na 0.5, ingawa kitabu cha mashine yenyewe ndicho chenye neno la mwisho. Sahani hulika kidogo kidogo kila visu vinapowashwa, na nafasi huongezeka bila mtu kuona. Klachi ile ina nati tatu za kuirekebisha. Fundi alizikaza moja moja, robo mzunguko kila mara, akipitisha kipande cha milimita 0.4 pande zote tatu mpaka kikapita kwa kujisugua kidogo. Mikono yake ilikuwa na ustadi ambao mimi sina. Alichokikosa siku ile ya kwanza hakikuwa ujuzi, kilikuwa ni muda.

Kisha, bila kuambiwa, akageuka kwenye kiti. Akazitenganisha nyaya alizoziunganisha, akairudisha swichi mahali pake.

Tulifanya jaribio la mwisho jua likielekea kuzama. Mjomba aliketi, akawasha injini, akavuta swichi ya visu. Tak! Visu vikavuma. Tulingoja nusu saa kamili kwa saa yangu ya mkononi, halafu dakika kumi zaidi. Havikusimama. Akabonyeza swichi, breki ikashika, vikanyamaza kabla sijamaliza kuhesabu hadi tano. Akaivuta tena, halafu, miguu ikiwa bado juu ya mashine, akajinyanyua kidogo tu kutoka kitini.

Injini ikazimika papo hapo.

"Imekufa!" mjukuu wake akapiga kelele kutoka mlango wa jikoni.

"Haijafa," mjomba akamjibu. "Imeniuliza niko wapi."

Usiku huo tuliota moto. Fundi alikuwa amekwenda, na malipo aliyakataa. Mjomba alikuwa akivigeuza viazi makaani kwa mkono wake wa kushoto, kama alivyozoea.

"Jana ulipopiga kelele," akaanza, "hukuwa ukiiona mashine ile. Ulikuwa ukiiona ile nyingine."

Machozi yalinitoka kabla ya maneno. Nikamwambia yote: kwamba aliposema nisimame niliacha kusukuma, kwamba nilikiachilia kile kishikio, kwamba sikuchelewa, au labda nilichelewa na sikumbuki.

"Umelibeba hilo miaka ishirini na minne?"

"Ndiyo, Mjomba."

Alitikisa kichwa. "Mimi nilidhani umesahau, nikaogopa kukukumbusha. Sikiliza, mwanangu. Gurudumu lile halikuwa na breki. Aliyeliunda hakuiweka, na mimi niliyekuita ulizungushe sikukueleza kwamba halisimami upesi. Mtoto wa miaka kumi na mmoja angelizuia kwa nini? Kwa mikono yake? Basi leo ningekuwa nautazama mkono wako badala ya wangu." Akanikabidhi kiazi kilichoiva. "Kula."

Nilikula. Sijawahi kula kiazi kitamu kama kile.

Msomaji mpenzi, mashine za kukata nyasi si za jana. Ya kwanza ilibuniwa na Mwingereza Edwin Budding mwaka 1830, baada ya kuona mashine ya kiwandani inayonyoa manyoya ya kitambaa. Hata hivyo, ilichukua zaidi ya miaka 150 kabla ya Marekani, mwaka 1982, kuanza kudai kisheria kwamba mashine ya kusukuma kwa mkono isimamishe kisu chake katika muda wa sekunde 3 baada ya mtumiaji kuachilia kishikio. Binadamu ni mwepesi wa kubuni kinachozunguka, lakini kubuni kinachosimama humchukua muda.

Na pale ambapo wabunifu wametuwekea breki, sisi wenyewe huziondoa. Ni nyumba ngapi mjini ambamo fyuzi imefungwa kipande cha waya kwa sababu ilikuwa "ikisumbua"? Ni wangapi hutazama kijana aliyeajiriwa kukata nyasi za mtaa akiinama kusafisha mashine ambayo bado inanguruma, huku watoto wakicheza hatua tatu kutoka hapo? Kifaa kinapogoma, tuna tabia ya kukishika koo kinyamaze, ilhali huenda kuna jambo kinachojaribu kutuambia.

Basi kama unayo mashine ya aina hiyo nyumbani, au shuleni kwenu, au unamlipa mtu anayeitumia, shika haya machache. Visu vikisimama vyenyewe, usiseme vimekufa. Sema vimelala. Zima injini, toa ufunguo, chomoa waya wa plagi, ndipo uiname. Visu vikigoma mashine ikiwa ya moto na kukubali ikipoa, tazama nafasi ya klachi kabla ya kununua klachi mpya. Watoto wawe mbali, si kando. Na fundi akikuambia amekitengeneza kifaa, muulize swali moja: umeongeza nini, na umeondoa nini? Kisha umpe muda wa kulijibu.

Mjomba aliumaliza uwanja wa shule siku mbili kabla ya wanafunzi kurudi. Mjukuu wake alitazama kazi yote akiwa ameketi juu ya ukuta wa shule, akila mahindi ya kuchoma, huku akihesabu kwa sauti kila mara babu yake alipobonyeza swichi ya visu: moja, mbili, tatu, nne. Hakufika tano hata mara moja.